Mfereji wa Umuganda

Sakwe sakwe! Wewe uliyekaa karibu na mlango, usinitazame tu. Sema "soma", ndivyo kitendawili kinavyopokelewa kwetu. Haya, sikiliza. Nililima mimi, nikapanda mimi, nikapalilia mimi. Siku ya kuvuna nikaitwa mwizi. Mimi ni nani?

Usikimbilie kusema panya. Panya hapandi. Wala usiseme nyani. Kaa nacho mdomoni kama punje ya mahindi ya kuchoma, usikimeze bado, nami nikupeleke kwa Mukantwari.

Asubuhi hiyo Mukantwari alikuwa amesimama ukingoni mwa mto Nyakagezi, miguu ndani ya tope, kombeo mkononi. Jua lilikuwa bado nyuma ya milima, lakini joto la bonde la Bugarama halingoji jua; lilikuwa limeshamshika shingoni. Ng'ambo ya maji, pale ambapo sauti ya mama inamfikia mtoto mkaidi bila shida, mpunga wake ulikuwa umeanza kuinamisha vichwa. Na juu ya mpunga, ndege. Wadogo, wengi, wenye midomo myekundu, wanakula bila haraka kama watu walioalikwa.

Aliokota bonge la udongo, akalitia kwenye kombeo, akazungusha juu ya kichwa, akaachia. Bonge liliruka mto likapasukia katikati ya jaruba. Ndege wakainuka wote pamoja kama mkeka unaokung'utwa, wakazunguka, wakatua palepale.

"Hooo! Mutoke! Hoooo!"

Askari alitoka kwenye kibanda cha majani ya migomba, upande ule, akifunga mkanda.

"Wee maman! Jana nilikuambia nini?"

"Ninafukuza ndege, mwanangu."

"Unatupa mawe katika inchi ya benyewe."

"Si mawe. Ni udongo."

"Udongo wa wapi?"

Mukantwari alitazama bonge jingine alilokuwa ameshalishika. "Wa huku."

"Basi udongo wa kwenu ubakie kwenu. Ukitupa tena, mie pia nitatupa, na changu hakipasuki kama hicho."

"Na ndege je?"

"Ndege ni ba kwetu," askari akasema, na mwenzake ndani ya kibanda akacheka.

Mukantwari aliliacha bonge likaanguka. Mpunga ule ndio uliokuwa sufuria yake mpaka msimu mwingine. Hakuwa na mwingine. Mumewe, Kabera, alikuwa amelala kaburini, binti yake Ikirezi ameolewa Kamembe na ana midomo yake ya kulisha. Kila kichwa kilichokuwa kinaliwa pale alikuwa amekipanda yeye mwenyewe, akiwa ameinama, kabla maji hayajapita nyuma yake.

"Mama Ikirezi! Unapigana na ng'ambo peke yako?" Alikuwa Nzigire, jirani yake, mwanamke wa Bukavu aliyekuwa akiuza sambaza kijijini kwao tangu alipokuja kupanga chumba na wanawe. Beseni lake lilikuwa kichwani, na harufu ya samaki ilifika kabla yake. "Ungetuambia, tungekupikia chakula ya vita."

"Wamenikataza udongo."

"Na makelele je, wamekataza? Makelele haina pasiporo." Nzigire alitua beseni, akaweka mikono mdomoni, akapiga yowe refu la Kishi, lugha ya kwao, hata mbuzi wa nyuma yao wakainua vichwa. Ndege waliruka. Mukantwari akapiga lake. Wanawake wawili wazima wakasimama wakipigia kelele nchi nyingine, mpaka koo zikakauka na Nzigire akaanza kucheka akishika mbavu.

Ndege wakatua.

*

Kijiji hicho kinaitwa Nyamihoro, na kina umri mkubwa kuliko mpaka wake. Watu walikuwa wanalima pale kabla Mzungu wa kwanza hajafika na miwani yake kusema kwamba mto ule ni mpaka. Wazee walicheka. Mto ni wa kuchota maji na kunywesha ng'ombe; utagawaje watu wanaooana? Wakaendelea kuoana. Kisha wakaja Wazungu wengine, wakatawala pande zote mbili, na ule mpaka ukalala usingizi kama mbwa aliyeshiba. Uhuru ukauamsha. Miaka ya vita watu wa kule walikimbilia huku, miaka mingine wa huku wakakimbilia kule, na kila waliporudi walikuta mto uko palepale, umekunja mkono.

Maana Nyakagezi ulikuwa na mkunjo. Ulifika mbele ya Nyamihoro, ukaenda mbali upande wa machweo, ukazunguka, ukarudi karibu kugusana na pale ulipoanzia. Ndani ya mkunjo huo kulikuwa na ardhi nyeusi, laini, yenye kushika maji. Watu waliita mahali hapo Kiwiko. Baba mkwe wa Mukantwari aliotesha miyenzi kuzunguka kipande chake huko, ile miti ya utomvu mweupe ambayo kila mtu wa Rwanda akiiona mstarini anajua: hapa pana mwenyewe. Mukantwari alipoolewa alikabidhiwa jembe na kuonyeshwa miyenzi hiyo. Ndiyo ilikuwa harusi yake, zaidi ya pombe iliyonyweka.

Shida ya Kiwiko ilikuwa moja. Mvua zikizidi, maji yalishindwa kuzunguka haraka, yakapanda, yakafunika barabara ya kwenda kwenye kinu cha mpunga. Kinu kilikuwa cha tajiri mmoja ambaye watu walimwona mara chache, lakini gari lake walilijua. Tajiri akalalamika. Malalamiko ya tajiri hayatembei kwa miguu, yalifika upesi.

Ndipo Nzabonimana, mkuu wa akagari, yaani serikali ya mtaa, ambaye watu wote humwita Gitifu kwa cheo chake, akapata wazo. Jumamosi ya mwisho wa mwezi, siku ya umuganda, kazi ya wote, wakati maduka yamefungwa na kila nyumba imetoa mtu na jembe, aliwapanga watu shingoni mwa Kiwiko, pale ambapo mikono miwili ya mto ilikaribiana. Alikuwa ameshafunga kamba juu ya vigingi, imenyooka toka maji haya hadi maji yale.

"Maji ni kama mwanafunzi," alisema. "Yanataka kuongozwa. Tutakata hapa, yapite moja kwa moja, na mafuriko yatakuwa hadithi."

Akapiga filimbi.

Walichimba. Nani angeuliza? Siku ya umuganda mtu hachagui kazi, kama vile hachagui mvua. Na kusema kweli Mukantwari alichimba kwa furaha. Nyumba yake haikuwa na mwanamume, kwa hiyo alisimama kwenye mstari wa wanaume, akatupa udongo juu mpaka kitambaa cha kichwa kikaloa. Alikuwa anawaza mpunga wake usiozama. Mbarushimana, ambaye kipande chake kilipakana na cha kwake, alimtania: "Mama Ikirezi, punguza, utatokea Bukavu!" Watu wakaimba. Jumamosi nyingine ya umuganda wakarudi, na nyingine tena, mpaka likabaki bonge moja tu la ardhi kati ya mfereji na mto.

Gitifu akatazama huku na huku. "Nani amefanya kazi kuliko wote?"

Wakamsukuma Mukantwari mbele.

"Basi fungua wewe, maman. Mumupigie makofi huyu mama!"

Wakampigia yale makofi ya mpangilio, ya mikutano. Aliinua jembe akapiga, mara moja na tena. Maji yakaingia kidogo, ya rangi ya chai, yakitafuta njia kama mgeni asiyejua choo kiko wapi. Watu wakacheka na kwenda nyumbani kula.

Masika yalipokuja, mto uliona njia iliyonyooka na ukaipenda. Ulipanua mfereji, ukala kingo, ukaacha mkunjo wake wa zamani ukiwa dimbwi la vyura. Asubuhi moja Mukantwari alitoka na jembe kwenda shambani, akakuta kati yake na miyenzi ya baba mkwe wake kuna mto mzima. Kinu kilikuwa kikavu. Barabara ilikuwa kavu. Kiwiko kilikuwa ng'ambo.

Mpaka ulikuwa umefungwa wakati huo, wakubwa wa nchi mbili wamenuniana kwa mambo yao. Haukupita muda, kibanda cha majani ya migomba kikasimama kati ya majaruba.

*

Tume ya mpaka ilikuja kuangalia. Watu wa pande zote mbili, waliokaa mbalimbali kama wake wenza msibani. Siku moja kabla, Gitifu aliwakusanya wenyeji.

"Mukiulizwa, ni mvua," alisema. "Mvua haina mukubwa wala mudogo. Muntu akisema mambo ya jembe, ajue kuhamisha mpaka wa inchi ni kesi ya usalama. Mie sitamufuata huko atakapopelekwa."

Nyumba nyingi hazikuwa na kipande Kiwiko. Zilizokuwa nacho zilikuwa chache, na Mbarushimana alikuwa ameanza kazi ya ulinzi kwenye kinu, amepewa buti na koti. Alimwambia Mukantwari, bila kumtazama, kwamba koti lenyewe ni zito kwa joto hili, lakini ni koti.

Mpimaji wa tume aliitwa Hugues, kijana wa Kigali mwenye kofia na sauti ya upole. Aliutazama mto mpya, akatembea ukingoni, akarudi. Akasema Kiswahili cha kutafuta maneno, ili wote wasikie.

"Ninyi wenyeji, nisaidieni. Kama mto ulihama wenyewe, mpaka unaufuata mto. Ndivyo nchi hizi mbili zilivyokubaliana. Kama ulihamishwa na mkono wa mtu, mpaka unabaki pale pa zamani, na mashamba ni yenu. Sasa, huu mfereji ni nani aliuchimba?"

Mtoto mchanga akalia mahali fulani, akanyamazishwa kwa ziwa.

"Ni mvua, Bwana Enjenia," Gitifu akasema.

"Mvua ya huku inafunga kamba kwanza?"

Hakuna aliyecheka. Mukantwari alitazama kati ya miguu ya watu, akaona buti za Mbarushimana. Hugues akasubiri, akafuta jasho, akasema watarudi mara moja ya mwisho, na wasipopata jibu, jibu litakuwa mto.

*

Mpunga haungoji tume. Ulikauka shingo, ukawa rangi ya ngozi ya simba, na ndege wakaongezeka. Asubuhi moja ya ukungu Mukantwari alivaa kaptura ya marehemu ndani ya kitenge, akachukua mundu na gunia, akaingia majini. Maji yalimfika kiunoni. Alitoka upande wa pili, akapita kati ya miyenzi, na kwa kitambo alisahau kila kitu kingine. Alikata. Mkono ulijua kazi. Alifunga miganda, akaipanga, harufu ya mabua mabichi ikampanda puani, harufu ya kila mwaka wa ndoa yake. Kibanda kilikuwa kimya. Akashukuru Mungu kwamba askari wamelala.

Hawakuwa wamelala. Walikuwa wamekaa wakimtazama, wamemwacha amalize.

"Maman, asante kwa kazi," yule wa mkanda akasema, alipofunga mganda wa mwisho.

"Mwanangu, ni mupunga wangu."

"Uliupanda wapi?"

"Hapa."

"Hapa ni wapi?"

Aliinua mkono kuonyesha miyenzi.

"Hapa ni inchi yetu. Muntu wa inchi ingine akiingia katika inchi yetu bila ruhusa, akakata mupunga, tunamwita nani? Sema wewe, uko mukubwa kwangu."

"Ninaitwa Mukantwari. Muke wa Kabera."

"Unaitwa mwizi," askari akasema, si kwa ukali. Alisema kama mtu anayemtajia mwenzake saa. Wakambebesha miganda yenyewe, kichwani kwake, mmoja mmoja, mpaka kibandani. Wakachukua mundu. Gunia wakamrudishia, tupu, akalivusha.

Habari ilifika kwa Gitifu kabla kitenge hakijakauka. Alimwita barazani kwake, hakumpa kiti.

"Umetuaibisha, maman. Wamenipigia simu kutoka juu. Wanauliza kama mie ninachunga batu ao mbuzi."

"Unirudishie shamba langu."

"Nilikupa shamba mie? Kitu sikukupa, nitakirudisha namna gani?"

"Ulipiga filimbi, tukachimba."

"Nilipiga filimbi, ndiyo." Gitifu aliitoa mfukoni, akaiweka kiganjani, kitu kidogo cha plastiki. "Filimbi inachimba? Angalia vizuri. Sasa nikuulize: maji yaliingia kwa jembe la nani? Kijiji muzima kilikupigia makofi. Mie ningekuwa weye, hiyo siku ningeisahau."

Mukantwari alitazama filimbi.

"Tulia," Gitifu akaendelea, sauti imelainika. "Tutakutafutia kipande kule juu, Nkungu."

"Nkungu wanapanda mupunga?"

"Utajifunza viazi."

"Lini?"

"Ukinyamaza vizuri."

*

Tume ilirudi Jumamosi ya umuganda. Kama ni bahati mbaya ama ni nini, wakubwa hawakuangalia kalenda. Kijiji chote kilikuwa barabarani kikifyeka na kuzibua mitaro mbele ya kinu, kila mtu na jembe lake, magari yaliposimama. Gitifu alijaribu kuwaambia watu waendelee na kazi, lakini Hugues alikuwa ameshateremka.

"Hapana, waje. Waje kama walivyo."

Wakashuka mpaka ukingoni, na majembe yao mabegani. Ng'ambo, watu wa upande ule walikuwa wamesimama chini ya miyenzi, mkubwa wao amevaa miwani ya jua. Nyuma yao mpunga uliosalia ulikuwa umelala, na ndege hawakujali mkubwa wala miwani.

"Ni mara ya mwisho," Hugues akasema. Alionekana amechoka, kama mtu anayetaka kusaidia na anaombea asiachwe peke yake. "Huu mfereji ni nani aliuchimba?"

Gitifu alifungua mdomo.

"Ni sisi," Mukantwari akasema.

Ilikuwa sauti ndogo, lakini maji yalikuwa yametulia siku hiyo, na sauti ilivuka. Mkubwa wa ng'ambo alivua miwani.

"Nani amesema?"

"Mie." Alisogea mbele, akateremsha jembe toka begani, akalisimamisha mbele yake. "Ni sisi tulichimba. Siku kama ya leo. Kwa majembe haya."

"Maman huyu hana akili nzuri," Gitifu akasema haraka. "Tangu kifo cha bwana wake. Alivuka juzi kwenda kuiba, hata kule wanamujua."

"Wacha aseme." Hugues alimkaribia. Macho yake yalikuwa yamechangamka. "Maman, unasema sisi. Sisi ni nani? Nionyeshe."

Mukantwari akageuka ili aonyeshe.

Alichokiona kwanza ni nyasi. Nyasi za ukingoni zilikuwa zimejaa majembe, yamelala chali, moja hapa, moja pale, kama vitu vilivyodondoka toka gari lililopita. Hakusikia yalipowekwa. Watu walikuwa wamesimama mikono mitupu. Wengine walikuwa wameifumbata tumboni kama kanisani. Mbarushimana alikuwa ameinama, anafunga kamba ya buti iliyokuwa imefungwa tayari. Nzigire alikuwa karibu zaidi ya wote. Machozi yalimtoka, lakini jembe alilokuwa ameazima kwa Mukantwari mwenyewe asubuhi ile lilikuwa chini, na mguu wake juu ya mpini.

"Mama Ikirezi," alinong'ona, "mie niko mugeni hapa. Niko na batoto. Unisamehe."

Kule nyuma Gitifu alikuwa anapapasa mfuko wake wa suruali, ule wa filimbi, taratibu, kama mtu anayetafuta kitambaa cha kufuta jasho.

Hugues alipima kwa macho upana wa mto, ukingo hadi ukingo, na urefu wake toka maji haya hadi maji yale. Kisha akamtazama mwanamke aliyekuwa mbele yake, miguu yenye tope kavu, jembe moja.

"Maman," akasema polepole, "huu mfereji ni mkubwa sana. Ulichimba na nani?"

Ng'ambo ndege walikuwa wanakula. Hakuna aliyewafukuza.

"Peke yangu," Mukantwari akajibu.